Paswadi za Mji Mzima

Bati la nyumba ya Tryphena lilikuwa limebonyezwa kwa mawe, na hakuna jirani hata mmoja aliyesikia kitu. Inspekta Koki aliwauliza wote, mlango kwa mlango. Mawe makubwa kama kichwa cha mtoto yaliangushwa juu ya bati, katika kijiji ambacho kuku wa mtu akitaga mwenzake anajua, na bado wote walikuwa wamelala fofofo.

"Mnalala vizuri huku Mwanda," aliwaambia, kisha akapanda kwenda kumwona mwenye nyumba.

Tryphena alikuwa jikoni, akimenya viazi ambavyo hakuna mtu angekuja kuvila. Everlyne, aliyeuawa Alhamisi iliyopita kwenye kijia cha kuteremkia mtoni, alikuwa mtoto wa kaka yake. Muuaji hakuwa na utata. Wachuma maharagwe walimwona Austin, mume wa Everlyne, akimkata kwa panga aliloliokota shambani kwa watu, wakamfunga kamba za mbuzi mpaka polisi wakafika. Kilichompandisha Koki mlima kilikuwa kitu kingine. Everlyne alitoroka Voi mkono wake mmoja ukiwa kwenye plasta, akaja kujificha kwa shangazi yake, na siri hiyo waliijua watu wawili tu: huyu Tryphena na Abby, dada yake Everlyne, aliyemleta.

Austin alisema alikutana na mkewe kwa bahati. Ikiwa ni bahati, mwendesha mashtaka angemshtaki kwa kuua bila kukusudia, naye angetoka jela akiwa bado na nguvu za kuoa mwingine. Ikiwa alijua mke yuko wapi, akamfuata, hayo ni mauaji ya kukusudia. Mwendesha mashtaka alitaka jibu kesho asubuhi kabla Austin hajapandishwa kortini: nani alimwambia?

"Austin alikupigia simu Jumatatu," Koki alisema. Hakuketi, ingawa alisogezewa kigoda.

"Alipiga."

"Hukutuambia."

"Hamkuniuliza. Mlikuja mkachukua mwili, mkaenda."

"Alitaka nini?"

"Aliuliza kama Everlyne yuko kwangu. Nikamwambia sijamwona tangu Krismasi. Nikakata."

"Jumatatu anakupigia, Alhamisi anajua kijia anachopita. Ungekuwa wewe ndiye polisi, ungemshuku nani?"

Tryphena aliweka kisu chini. "Mwanangu, mtu aliyemvunja mkono mtoto wangu nitaongea naye nini? Nilimkatia. Lakini huku wameshasema nimemuuza, na kule Marungu, nyumbani kwa kaka yangu, wamekubali. Abby ametuma neno kwamba nikikanyaga matanga atanimwagia maji ya moto. Everlyne atazikwa Jumamosi, na mimi ndiye niliyemfumba macho pale mtoni. Andika unavyotaka."

Koki aliandika. Kisha akamwambia kwamba kama ni uongo, aseme sasa, kwa sababu uongo ukitoka kortini yeye mwenyewe hatamwonea huruma. Yule mama alirudi kwenye viazi vyake.

Wakiteremka, Koplo Ngui, ambaye alibakisha muda mfupi astaafu na alikuwa ameshaanza kustaafu kichwani, alisema yeye anaona ni huyu mama tu.

"Unamwona kwa sababu yuko karibu," Koki alisema. "Endesha gari."

* * *

Austin aliletwa kwenye chumba cha mahojiano akiwa amechana nywele. Alikuwa na kibanda cha chipsi karibu na soko la Voi, kibanda safi, na wateja walimpenda kwa sababu hakubania chumvi wala maneno. Aliketi akavuka miguu.

"Ulienda Mwanda kufanya nini?"

"Viazi, madam. Viazi vya mlimani havinywi mafuta. Hata wewe umekula kwangu."

"Magunia yako yako wapi?"

"Sikufika kununua. Nilikutana na bibi yangu."

"Kwenye kijia cha mtoni. Siku hizi viazi vinauzwa mtoni?"

"Niliteremka kujisaidia. Nikamwona. Nikamuuliza mambo ya nyumbani, akanijibu vibaya, hasira zikapanda." Aliinua mabega. "Hata wewe una bwana, unajua hasira za mwanamume."

Koki hakuwa na bwana, na aliyekuwa naye zamani hakuwa na hasira, alikuwa na uvivu tu. Aliacha hayo yapite. Alifungua faili, akajifanya kusoma.

"Shangazi amekiri," alisema. "Ulimpigia Jumatatu, akakuelekeza. Kwa hivyo mambo ya bahati tuyaache."

Austin aliangua kicheko. Kilikuwa kicheko cha kweli, cha mtu aliyeguswa mahali anapojivunia.

"Huyo mzee? Alinikatia hata salamu sijamaliza. Madam, usinishushe hivyo. Mimi nisubiri kuambiwa na wanawake mke wangu yuko wapi?"

"Kumbe hukuhitaji kuambiwa. Ulikuwa unajua."

Kicheko kilikatika. Alimtazama Koki vizuri kwa mara ya kwanza tangu aingie, halafu akatabasamu tena, pole pole.

"Sijasema hivyo."

"Umesema."

"Andika basi, uone kama nitatia sahihi."

Hapo alikuwa sawa, na wote wawili walijua. Bila sahihi maneno yale yalikuwa upepo. Lakini Koki alikuwa amepata alichokuja kutafuta: shangazi hakusema kitu, na mtu huyu alijua. Mezani, ndani ya mfuko wa plastiki, ilikaa simu ya Austin, kabambe, ile simu ndogo ya bei rahisi, yenye vibonyezo vilivyofutika namba. Simu kama ile haiwezi kumtafuta mtu. Haina hata mtandao.

"Una kompyuta nyumbani?"

"Ya nini? Mimi nakaanga viazi."

Akarudishwa ndani akipiga mluzi.

* * *

Simu ya Everlyne ilikuwa imekaa na vielelezo bila chaji tangu Alhamisi. Ngui aliichomeka, wakangoja iwake, na ilipowaka haikuuliza kitu. Haikuwa na kufuli. Ngui alishangaa, Koki hakushangaa. Kwenye maelezo ya jirani mmoja wa Voi alikuwa amesoma kwamba Austin hakumruhusu mkewe kuwa na simu yenye kufuli. Plasta ile ya mkono ilianzia kwenye ubishi huo. Everlyne alimtoroka mume, na laini akabadilisha, lakini simu aliiacha wazi vilevile alivyofundishwa kwa kipigo.

Koki alifungua barua pepe. Jumanne, siku mbili kabla ya kifo, kulikuwa na ujumbe kutoka kwa kampuni yenyewe: mtu ameingia kwenye akaunti yako kwa kompyuta mpya, eneo la Voi, je, ni wewe? Chini yake kulikuwa na mwingine: mahali simu yako ilipo pametafutwa.

"Hebu nielezee kama mtoto," Ngui alisema.

"Ukiwa na imeili ya mtu na paswadi yake, unaingia kwa kompyuta yoyote, unaiuliza simu yake iko wapi. Inakuchorea ramani. Alibadilisha laini, hakubadilisha paswadi. Kwa hivyo ni kama hakubadilisha kitu."

Kisha akaona jambo lililomuudhi zaidi. Jumbe zote mbili zilikuwa zimefunguliwa. Everlyne alizisoma. Mwanamke aliyekuwa akiruka kila mbwa akibweka alisoma kwamba mtu fulani Voi anatafuta simu yake ilipo, na hakukimbia. Alilala, akaamka, akaendelea kuteka maji. Koki aliigeuza simu huku na huku kana kwamba jibu lingedondoka. Alichukia sana kitu asichokielewa.

"Paswadi yake angeipata wapi?" aliuliza. "Wewe yako nani anaijua?"

"Yangu?" Ngui alicheka. "Hata mimi siijui. Anaijua Abby."

"Abby gani?"

"Si huyu mwenye saiba ya kompyuta pale mjini, dada yake marehemu. Ndiye anatufungulia wote. Kodi, leseni, cheti cha tabia njema. Ukisahau unaenda tu kwake, anayo."

Ngui aliendelea kutabasamu kwa muda mfupi baada ya kumaliza kusema, halafu akaacha. Koki alikuwa ameshachukua funguo za gari.

* * *

Abby alikuwa amefunga kitambaa cheusi kichwani, macho yamevimba, na saiba ilikuwa wazi kwa sababu programu ya mazishi ya dada yake hakuna mwingine aliyemwamini kuichapa. Picha ya Everlyne ilitoka kwenye printa ukurasa baada ya ukurasa, akitabasamu kila mara. Koki alimpa pole. Aliitoa kwa ufupi, na Abby aliipokea kwa ufupi vilevile.

"Mmemshika yule mzee?"

"Bado."

"Mnangoja nini? Mimi nilimwachia dada yangu mzima. Nilimwambia, shangazi, hata pasta asijue. Austin akipiga hata mara moja, niambie. Hakuniambia. Kwa nini hakuniambia, kama mikono yake ni safi?"

"Nitafika huko. Kwanza nionyeshe kompyuta zako."

Zilikuwa zimepangwa ukutani, kila moja na kiti chake cha plastiki. Koki aliketi kwenye ya kwanza. Katikati ya skrini, juu ya picha ya ua, lilikaa faili la maandishi limeandikwa WATEJA WOTE. Alibonyeza. Halikuuliza neno la siri wala jina lake. Lilifunguka kama mlango wa choo kibovu.

Mji mzima ulikuwa mle. Jina, imeili, paswadi, mstari kwa mstari. Nesi wa wodi ya akina mama. Katekista. Mwalimu mkuu wa shule aliyosoma Abby mwenyewe. Mwenye duka la vipuri, Alwi, na mabinti zake wote. Koplo Ngui naye alikuwa mle, na paswadi yake ilikuwa jina lake na mwaka wake wa kuzaliwa. Ngui alisoma juu ya bega la Koki, akakohoa.

"Kwa nini unaziweka hapa?"

"Watu wanasahau, madam. Ikifika Juni, wakati wa kujaza kodi, foleni inatoka nje mpaka kwa muuza miwa. Mtu analia, nilikufungulia mwaka jana, paswadi iko wapi? Sasa nikaziandika. Halafu nikaona mimi ni mmoja, nikaiweka kwa kila mashini, mtu ajitafutie jina lake."

"Kila mashini."

"Zote. Inarahisisha kazi."

"Kuna programu za kuhifadhi paswadi. Zinafungwa kwa kufuli, unakumbuka neno moja tu, mengine yote hayasomeki mpaka ulitoe hilo. Zingine ni za bure. Hujui?"

"Najua. Tulifundishwa koleji." Abby alichukua rundo la programu za mazishi, akaanza kukunja. "Lakini wateja wangu ni mama mboga na wazee wa kahawa. Hilo neno moja nani atalikumbuka? Na nikienda msalani nani atafungua? Hii ni Voi, watu wanajuana."

Kana kwamba alikuwa ameitwa kutoa ushahidi, mama mmoja mwenye kikapu aliingia, akampa Abby pole ya msiba, akaketi kwenye kompyuta ya pembeni. Alifungua faili lile, akateremka taratibu kwa kidole kimoja, akipita majina ya majirani zake na kuyasoma kwa midomo, mpaka akafika kwake. "Nimeipata," alisema, akainakili kwenye kiganja kwa kalamu, akaondoka. Abby hakuinua hata uso. Koki alirudi kwenye skrini yake kwa hasira.

Alitafuta jina la Everlyne. Lilikuwapo, na chini yake, mstari unaofuata, lilikuwapo la Austin.

"Wako pamoja," alisema.

"Niliwafungulia siku moja, wakiwa wapya." Midomo ya Abby ilikaza. "Walikuja wameshikana mikono."

"Austin bado huja hapa?"

Sauti ya Koki ilikuwa imelainika sana. Ngui, aliyefanya naye kazi miaka mingi, aliifahamu sauti ile, akatazama nje barabarani.

"Alikuja Jumanne," Abby alisema. "Alikuwa na uso wa kuja hapa, fikiria, baada ya kumvunja dada yangu mkono."

"Ngoja." Koki alitoa karatasi ya maelezo, akaiweka sawa juu ya kaunta. "Nieleze vizuri. Hili litasaidia."

Abby alieleza, na kadiri alivyoeleza ndivyo mgongo wake ulivyonyooka, kwa sababu lilikuwa tendo aliloliona la ujasiri. Austin aliingia akasalimu. Abby hakuitikia. Akasema anataka kujaza kodi, amesahau paswadi yake, amsaidie. Abby akamwambia hatamsaidia leo wala siku ya kiyama. Akamwambia faili liko pale, ajitafutie kama watu wengine, asimwongeleshe. Kisha akamgeuzia mgongo.

"Alikaa kompyuta gani?"

"Ile ya mwisho."

"Alifanya nini?"

"Sikumtazama. Nilikuwa nimeapa simtazami tena maishani. Nilikaa nimeangalia ukuta mpaka akatoka. Alisema asante, sikujibu."

Koki aliandika kila neno, akamsomea, akampa kalamu. Abby alitia sahihi bila kusita, herufi nzuri za mtu aliyejaza fomu za mji mzima. Koki aliichukua ile karatasi, akaikunja, akaiweka ndani ya koti. Hapo ndipo alipoinuka kwenda kwenye kompyuta ya mwisho.

Historia ya kompyuta haikuwa imefutwa; kwenye saiba ile hakuna aliyekuwa na desturi ya kufuta kitu. Alirudi nyuma mpaka Jumanne. Ukurasa wa kodi haukuwapo. Ilikuwapo akaunti ya Everlyne, na baada yake ramani, na ramani ilikuwa imevutwa karibu, ikavutwa tena, mpaka ukaonekana mgongo wa mlima, nyumba moja ya bati na kijia cha kuteremkia mtoni.

"Sasa mtamshika shangazi?" Abby aliuliza kutoka kaunta.

"Hapana. Shangazi yako hakusema kitu. Amepigiwa mawe bure."

"Basi nani alimwambia?"

"Njoo."

Abby alikuja, programu moja ikiwa bado mkononi. Koki angeweza kutafuta maneno. Hakutafuta. Aliweka kidole juu ya ramani, kisha akafungua faili la WATEJA WOTE kando yake, akakisogeza kidole kwenye jina la Everlyne na kile kilichoandikwa mbele yake, wazi, kwa herufi kubwa.

"Alijitafutia," alisema. "Kama watu wengine."

Ilichukua muda. Kwanza Abby alisoma mstari ule kana kwamba umeandikwa Kiarabu. Halafu mkono wake ukaruka kuelekea kipanya, ukalishika faili, ukaanza kuliburuta kwenda kwenye pipa la taka. Koki alimkamata kifundo cha mkono, akambana mpaka vidole vikaachia.

"Hiyo sasa ni kielelezo. Ukiifuta, Austin anatoka. Koplo, zima hii mashini, tunaenda nayo."

"Niachie," Abby alisema. "Niachie, madam, tafadhali. Watu wasione."

"Watu waliona kila siku. Ndiyo shida yenyewe."

Ngui aliinama kung'oa nyaya. Abby alikaa kwenye kiti cha plastiki, kile kile alichokalia Austin, na Koki alifunga kalamu yake. Alikuwa ameridhika. Alikuwa na sahihi, ramani na siku. Hakuna wakili ambaye angeiita hiyo bahati. Alibakiwa na lile jambo moja lililomuudhi, la zile jumbe zilizofunguliwa, na alikuwa tayari kuliacha, kesi haikulihitaji.

"Alinipigia," Abby alisema.

"Nani?"

"Eve. Jumanne jioni." Alisema akitazama skrini iliyozimwa. "Alipanda mpaka pale juu penye mtandao. Alikuwa analia. Alisema ameona imeili, kuna mtu ameingia kwa akaunti yake na kompyuta ya Voi. Alisema ameshafunga nguo, atashuka Mwatate alfajiri, apande gari la Mombasa."

Ngui aliacha nyaya.

"Ukamwambiaje?" Koki aliuliza.

"Huwa naingia kwa akaunti za watu siku nzima, madam. Hata hizo imeili zinawajia kila mtu, wanakuja kuniuliza, nawaambia ni mimi. Wiki hiyo nilikuwa natafuta cheti chake cha tabia njema, nimtafutie kazi. Sikukumbuka kama nimeingia au sijaingia. Nikafikiri lazima ni mimi." Alimeza mate. "Nikamwambia, ni mimi, mjinga wewe, usinipigie ukilia. Fungua nguo zako, ulale. Akacheka. Akasema asante."

Koki alimwonea huruma, lakini huruma haikumzuia. Alivuta karatasi nyingine, akaandika tarehe juu yake.

"Rudia hayo," alisema. "Pole pole. Alikuwa amejua, akataka kukimbia, na kuna sababu hakukimbia. Wakili wa Austin atauliza."

"Mama atakuwa kortini?"

"Atakuwa."

"Lazima isomwe mbele yake?"

"Haitasomwa. Utasimama useme wewe mwenyewe." Koki alisogeza kiti chake karibu. "Anza pale simu ilipolia."

Abby akaanza.